Muulize Fundi: XP ya maabara na kraki ya dola tano

Lubumbashi imetuandikia mwezi huu kuliko mji mwingine wowote, na barua nne kati ya zilizotufikia zinauliza, kila moja kwa njia yake, mfumo endeshi wa kompyuta ukishazeeka huwa ni wa nani na hutunzwa na nani. Majina ya waandishi tumeyaacha: wawili waliomba hivyo, na mmoja alipaswa kuomba. Barua ya kwanza nimeijibu kwa kirefu, kwa sababu najua zipo maabara na karakana nyingine zenye kompyuta ya namna hiyo.

*Baba Fundi, jambo. Mimi ni mkemia katika maabara ndogo ya kupima madini, komini ya Kampemba. Tuna mashine ya eksirei inayotusomea kiasi cha shaba na kobalti katika sampuli, nayo inaendeshwa na kompyuta iliyokuja nayo mwaka 2006, yenye Windows XP Professional. Tangu kiangazi kianze diski yake inatoa sauti kama mtu anayekwaruza sahani, na kila umeme ukikatika tarehe inarudi 2004. Tulimpa mteja cheti chenye tarehe ya Januari 2004, ndipo mkurugenzi aliposhtuka. Kijana aliyeitwa kutengeneza anataka kufuta kila kitu, aweke XP nyingine anayotembea nayo kwenye flashi, kwa namba aliyoitoa kwenye intaneti. Mkurugenzi anasema hilo si kosa, kwa kuwa Microsoft wenyewe waliitupa XP, na kilichotupwa ni cha mwenye kuokota. Je, amesema kweli? Na tufanyeje ili mashine isife? Mtengenezaji anatutaka tununue mpya, na fedha hizo hatuna.*

Ndugu mkemia, kabla ya jambo lolote mwambie kijana huyo arudishe flashi yake mfukoni. Diski inayokwaruza haina siku nyingi, na ndani yake mna vitu ambavyo hakuna flashi mjini itakayowarudishia: programu ya mashine yenyewe, pamoja na faili za kulinganisha vipimo, zile zinazoifahamisha mashine kwamba mwale wenye nguvu hii ni shaba ya kiasi hiki. XP mnaweza kuipata tena kwa njia moja au nyingine. Faili hizo zikifutwa, mtaanza upya na sampuli za kiwango kama watoto wa darasa la kwanza, iwapo bado mnazo.

La tarehe ni jepesi. Kwenye ubao mama, ule ubao mkubwa unaobeba sehemu zote za kompyuta, kuna betri ya duara, ukubwa wa sarafu, iliyoandikwa CR2032, ya volti 3. Kazi yake ni kuishika saa umeme unapokuwa haupo. Baada ya miaka kadhaa hukauka. Kabla ya kuitoa, andikeni kwenye karatasi mipangilio yote inayoonekana kompyuta inapowaka, hasa ya diski, kwa kuwa nayo huenda ikapotea pamoja na tarehe. Mengine hayatawagharimu zaidi ya sahani ya bukari na samaki.

Sasa nije kwa mkurugenzi. Amechanganya vitu viwili, wala simlaumu, maana hata mafundi wengi huvichanganya: haki ya kutumia programu, na matunzo ya programu hiyo. XP iliingia sokoni tarehe 25 Oktoba 2001. Matunzo yake ya kawaida yalikoma tarehe 14 Aprili 2009, na yale ya nyongeza, yaani viraka vya usalama, yakakoma tarehe 8 Aprili 2014. Siku hiyo Microsoft iliacha kuziba matobo. Haikutamka kwamba XP ni ya umma. Kongo imo katika Mkataba wa Berne wa kulinda kazi za watunzi, na tangu 1997 imo katika Shirika la Biashara Duniani, ambalo mkataba wake wa haki miliki, TRIPS, kifungu cha 10, unataka programu za kompyuta zilindwe kama kazi za maandishi. Hapa nyumbani tuna Amri-Sheria nambari 86-033 ya tarehe 5 Aprili 1986 kuhusu haki za watunzi. Kwa kipimo cha chini kabisa cha TRIPS, ambacho kwa kazi iliyotolewa na kampuni ni miaka 50 kuanzia mwisho wa mwaka ilipotolewa, XP italindwa angalau hadi mwisho wa 2051. Mwenye kiwanja kule Bel-Air akihamia Kinshasa, nyasi zikaota mpaka dirishani, mkurugenzi wenu hatapeleka matofali yake pale kwa sababu tu hakuna anayefyeka.

Hata hivyo, maabara yenu haina haja ya kuokota chochote, na hapa ndipo ninapomwonea huruma kijana wa flashi, maana anataka kuwapa cha wizi mahali mlipo na cha halali. Tazameni ubavuni mwa kompyuta: patakuwa na kibandiko chenye herufi na tarakimu 25 katika mafungu matano. Hiyo ndiyo leseni yenu, na mliilipia ndani ya bei ya mashine. Kipigeni picha leo hii, kwa sababu wino wa vibandiko hivyo hufifia kwa joto na kwa kuguswaguswa, na kompyuta nyingi nilizoziona zimebaki na karatasi nyeupe. Namba ya kijana ni jambo jingine kabisa. XP ilikuwa Windows ya kwanza ya nyumbani iliyomtaka mtu aiamilishe, yaani aithibitishe kwa Microsoft, ndani ya siku 30, ila nakala za makampuni makubwa zilisamehewa sharti hilo. Namba moja ya makampuni hayo ilivuja hata kabla ya siku ya uzinduzi, ikazunguka dunia, na Microsoft ikaikataa katika kifurushi cha kwanza cha marekebisho cha 2002. Namba nyingi zinazotembezwa mpaka leo ni za ukoo huo.

Leseni iliyokuja na kompyuta imefungwa kwenye kompyuta ile ile. Mnaweza kubadilisha diski, kumbukumbu, kisanduku cha umeme au feni, na leseni ikabaki. Ubao mama ndio roho yake: ukiharibika na mkaweka wa aina ile ile, leseni inaendelea, mkiubadilisha ili mpate wenye nguvu zaidi, kwa masharti ya leseni hiyo ni kompyuta mpya, na kibandiko cha zamani hakihusiki tena.

Kwa hiyo kazi ya fundi ni kuhamisha diski kama ilivyo, si kuifuta. Zimeni kompyuta, msiiwashe tena kwa kazi za kila siku mpaka nakala ipatikane. Diski itolewe, iunganishwe na kompyuta nyingine iliyowashwa kwa Linux, mfumo endeshi wa bure, na inakiliwe yote, kuanzia sehemu ya kwanza hadi ya mwisho. Clonezilla hufanya kazi hiyo bila malipo. Lakini kwa diski inayokwaruza mimi huchagua ddrescue, kwa sababu hunakili kwanza yaliyo mazima, huyaruka yaliyoharibika, kisha huyarudia polepole, badala ya kuing'ang'ania sehemu mbovu mpaka diski ife mikononi. Nakala moja ibaki maabara, nyingine ikae nyumba nyingine. Diski mpya ikishawekwa, msishangilie kwa kuona XP imewaka. Wekeni sampuli ya kiwango ambayo matokeo yake mnayajua, ipimeni, mlinganishe na kitabu chenu. Tarakimu zikikubaliana, diski ya zamani iwekwe kwenye droo na kuandikwa tarehe.

Jihadharini na ukubwa wa diski mpya. XP ya mwanzo, isiyo na kifurushi chochote cha marekebisho, haioni zaidi ya gigabaiti 137. Na kama diski yenu ni ya ule mkanda mpana wa waya nyingi, hamtapata mpya madukani kwa urahisi. Tafuteni kigeuzi kinachokubali diski ndogo ya kisasa isiyozunguka.

Kisanduku kikiwa wazi, piteni na brashi laini, kwa kuwa vumbi jekundu la mji huu la kuanzia Mei hadi Septemba huziba feni kama udongo wa tanuri. Tazameni pia vile vikopo vidogo vilivyosimama karibu na prosesa. Vichwa vyake viwe bapa. Kimoja kikiwa kimevimba au kina uchafu wa kahawia juu yake, kinakaribia kufa. Mbao mama nyingi za miaka ile zilitengenezwa kwa vikopo vibovu, na fundi mzuri wa redio anaweza kuvibadilisha kwa mkono. Na kwa kuwa delestaji, yaani kukatwa umeme kwa zamu, haitatuaga kesho, kompyuta hiyo isiwashwe tena bila betri ya kuiwezesha kuzimwa kwa utaratibu.

Kisha chomoeni waya wa mtandao. Tarehe 12 Mei 2017 programu haribifu iitwayo WannaCry ilifunga kompyuta katika nchi takriban 150, ikidai fidia, na huko Uingereza pekee ilivuruga angalau taasisi 80 kati ya 236 za huduma ya afya. Ilipita katika mlango wa zamani wa kushirikiana faili. Kwa mifumo iliyokuwa bado inatunzwa, kiraka kilikuwapo tangu tarehe 14 Machi. XP ilipewa chake cha dharura baada ya moto kuwaka, na Mei 2019 ikapewa kingine kwa tobo jingine lenye hatari kama hiyo. Tangu hapo watu hukariri kwamba XP ndiyo iliyoiangusha dunia siku ile. Sivyo. Hesabu za kampuni ya Kaspersky zilionyesha kwamba kompyuta zilizoambukizwa karibu zote zilikuwa na Windows 7, mfumo uliokuwa na mtunzaji na kiraka tayari, ila wenye kompyuta hawakukiweka. Likumbukeni hilo mtakaposoma jibu la barua inayofuata.

Kwenu hatari si mtandao pekee. Hatari ni flashi ya mteja anayetaka matokeo yake haraka haraka. XP ilizoea kuendesha chochote kilichomo kwenye flashi mara inapochomekwa, na zile folda zinazogeuka kuwa mishale midogo kila mtu mjini amewahi kuziona. Zimeni tabia hiyo, mtenge flashi moja ya maabara isiyotoka nje, na matokeo yapitie kompyuta nyingine kabla hayajamfikia mteja.

Ubao mama ukifa kabisa, bado kuna njia ya halali ambayo wachache wanaijua. Leseni ya Windows 7 Professional iliyokuja na kompyuta ilimpa mwenyewe ruhusa ya kuweka XP Professional badala yake. Kompyuta kuukuu za ofisi zinazoshushwa hapa kutoka Ulaya huwa na kibandiko hicho mara nyingi. Nunueni moja, hakikisheni ina nafasi ya kadi ya mashine yenu na ile soketi ya pini tisa ikiwa mashine huitumia, muiweke kabatini. Na mtengenezaji aandikiwe barua rasmi, si ya kuomba bei ya mashine mpya, bali ya kuuliza anauza kwa bei gani kompyuta na programu mpya kwa mashine hiyo hiyo. Wengine hawalisemi hilo mpaka waulizwe.

*Baba Fundi, pokea salamu. Nina sekretaria ya umma huko Kamalondo: kompyuta nne, printa mbili na mashine ya fotokopi. Wateja wangu wengi ni wanafunzi wanaoleta kazi zao za mwisho wa masomo. Kompyuta zote zina Windows 10, na maandishi ya kutaka kuamilishwa yakitokea kwenye kona ya skrini, kijana mmoja huja kuyaondoa kwa dola tano kila kompyuta. Safari hii alizima kingavirusi kwanza, akasema ni lazima. Wiki iliyofuata akaunti yangu ya mtandao wa kijamii ikaanza kuuza simu ambazo sinazo. Nasikia pia kwamba Windows 10 imekwisha. Je, kwa kuwa nimelipa, nina leseni au sina?*

Huna, mama. Umelipa nauli na jasho la kijana. Mwenye programu hajapata senti, wala hajakuandika popote.

Alichokiweka ni hivi. Makampuni makubwa yana njia yao ya kuamilisha Windows: kompyuta moja ya kampuni huwa kama karani, nyingine zote hujiandikisha kwake, na uandikishaji huo hudumu siku 180 kabla ya kuhuishwa. Karani huyo hakubali kuanza kazi mpaka kompyuta zifike 25. Kraki ya kijana, yaani programu ya kuvunja kufuli la leseni, inaweka karani wa uongo ndani ya kompyuta yako, anayeiambia Windows kila mara kwamba uko katika kampuni ambayo haipo. Ili karani huyo asifukuzwe ni lazima kingavirusi kizimwe au kiambiwe kifumbe macho, na aliyefungua mlango wa nyuma kwa ajili ya mgeni mmoja hajui ni wangapi walioingia. Desemba 2021 wachunguzi wa Red Canary walieleza jinsi nakala za uongo za KMSPico, kraki mashuhuri kuliko zote, zilivyobeba CryptBot, programu inayokusanya nywila zilizohifadhiwa kwenye kivinjari na kuzituma kwa mwizi. Siwezi kuapa kwamba ndicho kilichokupata, lakini simu zile zinauzwa na mtu aliyepata nywila yako mahali fulani. Badilisha nywila zote leo, ukitumia simu yako au kompyuta ambayo kijana hajaigusa, na akaunti ya pesa za simu iwe ya kwanza.

Jambo jingine ambalo kijana huenda hakukuambia, au mwenyewe hakulijua. Tangu Windows 8 ya mwaka 2012, watengenezaji wakubwa wameacha kubandika namba nje. Wanaiandika ndani ya ubao mama wenyewe. Inawezekana kabisa kwamba kompyuta zako, au baadhi yake, zilikuja na Windows halali ya daraja la Home, kijana akaweka juu yake ya daraja la Pro iliyokrakiwa kwa kuwa ndiyo aliyokuwa nayo kwenye flashi. Mwite fundi mwingine, aweke upya daraja lile lile la awali kutoka kwenye faili rasmi za Microsoft, ambazo hupakuliwa bila malipo. Ikiwa namba imo, kompyuta itajiamilisha yenyewe itakapopata intaneti. Nimewahi kuliona likitokea katika kompyuta ya sekretaria moja ambayo mwenyewe alikuwa amelipia kraki mara tatu.

Kuhusu kwisha kwa Windows 10, matunzo yake ya bure yalipangwa kukoma tarehe 14 Oktoba 2025. Kwa watu binafsi Microsoft iliweka nyongeza ya mwaka mmoja, hadi tarehe 13 Oktoba 2026, kwa dola 30, au bila malipo kwa anayekubali kuhifadhi mipangilio yake kwa akaunti ya Microsoft. Kampuni zilitajiwa dola 61 kwa kila kompyuta kwa mwaka wa kwanza, na bei huongezeka maradufu mwaka unaofuata. Nyongeza hiyo hupewa Windows 10 ya toleo la 22H2 yenye leseni. Windows 11 nayo hudai kipande cha usalama kiitwacho TPM 2.0 na prosesa zilizotoka, kwa jumla, kuanzia 2018. Umri wa kompyuta zako hukuutaja, lakini najua zinazouzwa mjini.

Maoni yangu ni haya. Tenga kompyuta moja yenye leseni ya kweli, kwa ajili ya wateja wanaodai Word yenyewe na kwa ajili ya fotokopi ikiwa haikubali mfumo mwingine. Tatu zilizobaki ziwekewe Linux Mint au Debian, ambazo ni aina za Linux, pamoja na LibreOffice, programu za kazi za ofisi kama Word. Hizo wenyewe wametoa ruhusa kwa maandishi, kwamba mtu azitumie, azinakili na azigawe, na viraka vyake huja bila kuulizwa namba. Malalamiko utakayoyapata wiki ya kwanza nayajua: mwanafunzi atafungua kazi yake ya kurasa 60, aone imekuwa 63, na jedwali la yaliyomo halilingani tena na kurasa. Sababu si uchawi. Times New Roman haimo, na herufi zilizochukua nafasi yake ni pana zaidi. Fundi aweke herufi za Liberation, ambazo upana wake umefanywa sawasawa na Times New Roman na Arial, na Carlito kwa ajili ya Calibri. Mistari itarudi mahali pake. Na umzoeshe mwanafunzi kuleta faili ya PDF, ambayo haibadiliki popote inapofunguliwa.

*Yaya, mimi ni fundi wa Katuba, na nadhani utanisema vibaya katika gazeti lako. Naweka Windows na Office za kraki, na kazi hiyo ndiyo inayonilipia nyumba. Microsoft ni tajiri kuliko jimbo letu lote. Mteja wangu hana dola mia moja za leseni. Nikikataa, anavuka barabara kwa fundi mwingine. Nani hapo ameumia?*

Mdogo wangu, sikusemi vibaya. Mimi pia nilianza na flashi, siku zile ikiwa ni sahani ya CD. Ila hoja ya utajiri wa Microsoft haikusaidii kama unavyodhani. Februari 1976 Bill Gates, akiwa kijana, aliwaandikia wapenzi wa kompyuta barua ya wazi yenye hasira, akilalamika kwamba wengi wao walikuwa wakiiba programu yake ya BASIC. Mwaka 1998, akiwa tajiri, alizungumza mbele ya wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Washington kuhusu China, akasema kwa maana hii: kwa kuwa wataiba tu, heri waibe za kwetu, wazoee, na siku moja tutajua jinsi ya kukusanya. Kwa hiyo unapompa mteja kraki, humwibii tajiri peke yake. Unamfanyia kazi ya kumtafutia wateja bila mshahara, na unamnyima mteja wako nafasi ya kuijua Linux ambayo angeimiliki kihalali kuanzia siku ya kwanza.

Anayeumia unamjua. Soma tena barua ya mama wa Kamalondo. Kompyuta uliyoikraki huwa umeizimia pia masasisho, kwa kuogopa kraki isigunduliwe, na hapo umeigeuza Windows inayotunzwa kuwa kama XP ya yule mkemia, lakini iliyounganishwa na intaneti mchana kutwa. Nywila za mteja zikiibwa, mteja hatamtafuta Microsoft. Atakuja Katuba. Na siku hizi ipo Kanuni ya Dijitali, Amri-Sheria nambari 23/010 ya tarehe 13 Machi 2023, yenye makosa ya mtandao ndani yake; sitaki uwe wa kwanza kumweleza hakimu kwamba hukujua kilichokuwamo ndani ya faili uliyoiweka mwenyewe.

Kazi za halali zipo na zina fedha. Kunakili diski kabla haijafa, kwa mfano: hesabu ni kompyuta ngapi mjini zinaendesha mizani, mashine za maabara na za hospitali, ambazo hakuna mtu amewahi kuzinakilia diski. Kuweka Linux na herufi zake. Kutafuta namba halali iliyozikwa ndani ya ubao. Kupita kila mwezi kwa mteja, kusafisha vumbi, kuweka viraka na kuhakikisha kwamba nakala rudufu inafunguka. Mteja asiye na dola mia ya leseni anazo dola tano za kila mwezi, maana ndizo alizokuwa akikupa.

*Bwana Mhariri, duka letu la vifaa vya ujenzi karibu na soko la Kenya linatunza hesabu kwa programu ya DOS tangu enzi za Zaire. Kijana wetu anasema DOS sasa ni ya bure kwa watu wote. Ni kweli?*

Ni kweli nusu. Microsoft ilitoa msimbo wa MS-DOS, mfumo endeshi wake wa kabla ya Windows, toleo la 1.25 na la 2.0, na Aprili 2024 ikaongeza wa 4.00, kwa leseni ya MIT inayoruhusu karibu kila matumizi. Hizo ni huru kwa sababu mwenyewe ametamka. MS-DOS 6.22, ambayo huenda ndiyo mliyo nayo, haimo katika orodha hiyo. Njia safi ni FreeDOS, iliyoanzishwa na Jim Hall mwaka 1994, ambayo ni huru tangu kuzaliwa na huendesha programu nyingi za DOS bila kujua tofauti. Programu yenyewe ya hesabu, hata hivyo, ina mwenyewe mwingine; leseni yake tafuteni kwenye mafaili ya mzee aliyeinunua.

Lakini kuna swali ambalo hamkuliuliza. Kongo imo katika OHADA, jumuiya ya nchi za Afrika zenye sheria moja za biashara, tangu Septemba 2012, na mpango wa hesabu uliorekebishwa wa SYSCOHADA unatumika tangu tarehe 1 Januari 2018. Programu ya enzi za Zaire haiwezi kuyajua makundi hayo ya hesabu, kwa hiyo kwa vitabu rasmi vya leo haiwafai, iwe ya halali au ya kuokota. Ibakizeni kwa ajili ya kusoma ya zamani tu. Sheria hiyo hiyo inataka vitabu vya hesabu vihifadhiwe miaka 10. Basi FreeDOS na nakala ya diski ziwepo mpaka mwaka wa kumi baada ya kitabu cha mwisho mlichokiandika humo, na vitabu hivyo mvichape vyote sasa, wakati printa yenu ya utepe bado inapata utepe.